Kikombe cha Kila Asubuhi

Shangazi yangu ana udongo shavuni karibu siku zote, na waliomzoea wameshaacha kumwambia ajifute. Wageni ndio hujisumbua. Hujigusa mashavu yao wenyewe kumwonyesha mahali, kwa aibu, naye hushukuru, hujifuta kwa upindo wa aproni, na baada ya muda si mrefu udongo umerudi palepale. Mtaani wanamwita Mama Pasi, kwa kuwa maisha yake ya kazi ameyapitisha kwenye vyumba vya pasi vya hoteli, mji huu na mji ule. Hilo la udongo nalo limetoka kwenye pasi, na itabidi nieleze mimi, maana yeye ukimuuliza atakwambia ni uchafu tu na mazungumzo yataishia hapo.

Shuka la hoteli halipigwi pasi likiwa kavu, wala halipigwi likiwa limelowa. Linanyunyiziwa maji, linaviringishwa, linaachwa litulie mpaka unyevu uenee hadi ndani. Liko tayari lini? Wenzake hutazama saa. Shangazi hulifungua kidogo na kuliweka shavuni. Likimpa ubaridi bila kumwachia maji, basi linakwenda mezani. Mikono ya mpiga pasi, anasema, imeungua mno, haina habari tena. Shavu bado lina akili. Na maua yake huyapima hivyo hivyo. Huchimbua udongo wa kwenye chungu kwa kidole mpaka kati, huchota kidogo, hubandika shavuni na kufumba macho. Akifumbua ameshaamua kama ni siku ya maji au si siku ya maji.

Nilikwenda kukaa kwake nilipopata kazi ya kushona mapazia kwenye hoteli aliyokuwa akipiga pasi. Ni dada wa baba yangu, lakini ukituona huwezi kudhani tumetoka ukoo mmoja. Mimi mdomo wangu hauna breki. Yeye ni mtu wa kumeza neno, kulitafuna, na mara nyingi kulimeza kabisa lisionekane tena. Kwa miaka mingi niliuita huo uoga, na nilikuwa nimekosea sana.

Mumewe, ambaye kila mtu humwita Fundi, anajenga madaraja. Daraja likiisha, wanafunga mizigo. Walioana kwao Fundi, mji wa juu wenye upepo, ambako usiku wa baridi hupasua midomo na mvua ni ya kuhesabu. Siku walipohama kwa mara ya kwanza mama mkwe alimpa Shangazi mfuko wa vitunguu vya maua. Si vya kula, ingawa ukivitazama haraka unaweza kuvikatia kachumbari. Vilikuwa vya mama yake yeye, na kabla ya hapo vya bibi yake. Baridi inapoanza kuondoka vinatoa maua ya manjano yenye kama tarumbeta ndogo katikati, na harufu inayojaza nyumba nzima. Maagizo yalikuwa mafupi: kikombe kimoja cha maji kila asubuhi, na siku isipite.

Daraja la kwanza lilikuwa kwenye bonde la mvua. Huko mvua hunyesha mpaka watu wanasahau imeanza lini, na udongo ni mfinyanzi, ukikanyaga unakuvua kiatu. Shangazi, bibi harusi mwenye adabu zake, alitoka kila asubuhi akiwa na kikombe mkono mmoja na mwavuli mkono wa pili, akamwagilia maua kwenye mvua. Majirani walikuja dirishani kumtazama. Wengine waliita na watoto. Fundi mwenyewe ananisimulia hadi leo huku akicheka mpaka anashika mbavu. Yeye Shangazi hakujali kucheka kwao, maana alikuwa ameagizwa na mama.

Majani yalipogeuka manjano kabla ya wakati wake alichimba. Vitunguu vilikuwa vimelainika kama viazi vilivyosahaulika chini ya meza ya jikoni, na vinanuka. Vilivyobaki vigumu vilitosha kiganja. Alikaa chini palepale kwenye matope akalia.

Hapo ndipo ninapomvulia kofia. Mimi ningemlaumu mkwe, kisha mvua, kisha Fundi na daraja lake. Yeye alipomaliza kulia alikaa akafikiri. Akaona kwamba kile kikombe hakikuwa kipimo cha maua, kilikuwa kipimo cha kule kwa mama. Kule mchanga haushiki maji na upepo unapita ukiyaiba, kwa hiyo kikombe cha asubuhi kilirudisha tu kilichoibwa jana. Hapa mbingu zilikuwa zimeshamwaga vikombe vyote, vya mwaka huu na vya mwaka ujao. Basi akaacha kumwagilia kabisa. Aliinua tuta, akachanganya mchanga na kokoto ili maji yapite, na majani yaliponyauka akavichimbua vitunguu, akavitia kwenye soksi ndefu na kuvitundika kwenye chumba cha pasi, mahali pakavu kuliko pote mjini. Baridi ilipoondoka tena, kile kiganja kilichobaki kilitoa maua.

Kwenye simu mama mkwe aliuliza kama yanapata kikombe chake. Shangazi alijibu kwamba yanapata maji yake, mama, usiwe na wasiwasi. Huo si uongo. Nimelichunguza sana jibu hilo, kwa kuwa napenda kumkamata mtu, na sikupata pa kushika.

Kisha likaja daraja la mji wa joto, huu nilikowakuta mimi. Huku baridi haiji. Hewa imekaa tu juu ya paa. Vitunguu vilitoa majani marefu kama nyasi, mwaka wa kwanza, wa pili, na miaka iliyofuata, bila ua hata moja. Alijaribu maji mengi kidogo, akajaribu machache. Alivihamishia kivulini. Majani yalikuwa na afya kuliko sisi, lakini maua hakuna.

Mambo yakiwa hivyo, mama mkwe akaletwa kuishi nasi. Macho yalikuwa yamekwisha, alibakiwa na mwanga na kivuli tu. Daktari alikuwa amemwita Fundi pembeni na kumwambia moyo wa mama umechoka, wasitarajie mwaka mrefu. Fundi alitueleza jikoni akiwa anatazama sufuria. Mzee wa watu alikaa kitandani, akavuliwa viatu, akanywa maji, na neno lake la kwanza lilikuwa hili:

"Mke wa mwanangu, maua yangu yako wapi? Nataka niyanuse mara moja kabla sijaondoka."

Kwa miaka yote ile hakuwahi kumwita Shangazi kitu kingine. Mke wa mwanangu. Mimi nilikuwa nikilisikia kama mtu anayeita gari la kukodi.

Shangazi alileta chungu, akakiweka dirishani kando ya kitanda, akauongoza mkono wa mama mkwe mpaka kwenye ukingo. Alimweleza kwamba huu ndio wakati wake wa kulala, kwa hiyo hakuna jani. Bibi aliridhika. Asubuhi iliyofuata alinywa nusu ya kikombe chake cha maji, akapapasa ukingo kwa kidole na kumwagia chungu nusu iliyobaki. Kesho yake vilevile, ila mara hii aliomba kikombe kizima.

Nani asiyejua kwamba kitunguu kilicholala hakitaki maji? Sisi nyumbani kwa Mama Pasi sote tulijua, hata Fundi. Nilimfuata Shangazi uani nikamwambia amweleze mama mkwe wake, kwa heshima zote, kwamba huku si kule. Akatikisa kichwa. Nikamwambia basi mimi nitamweleza. Hapo aliniangalia.

"Haoni. Hapiki. Hata kwenda getini hawezi," alisema. "Kikombe kile ndiyo kazi yake ya mwisho. Nimnyang'anye?"

Nikamuuliza, na maua je? Maana hayo maua ndiyo mama aliyoyaomba, na yakioza hatakuwa na cha kunusa. Aliingia ndani wakati bibi anaoga, akachimbua udongo kidogo na kuubandika shavuni, nikaona uso wake unabadilika. Udongo ulikuwa tope. Alivitoa vitunguu vyote haraka haraka. Kimoja kilikuwa kimeanza kulegea kwenye kitako, akakitupa. Vingine alivifuta kimoja kimoja kama anafuta watoto pua, akavifunga kwenye gazeti ili akavikaushe kwenye chumba cha pasi hotelini. Kisha alirudisha udongo kwenye chungu, akausawazisha kwa kiganja, na kukiweka dirishani palepale. Ndani hamkuwa na kitu. Bibi alirudi kutoka kuoga akauliza kama kuna mtu amegusa maua yake, Shangazi akamwambia ameyaweka vizuri tu, mama.

Bado lilikuwapo lile suala la maua yenyewe. Hotelini kulikuwa na mwanamume aliyepamba maua ya ukumbini, mtu wa kicheko kikubwa na shati la maua pia. Shangazi hakuwahi kumsumbua kwa swali, lakini sasa alipiga moyo konde akamwendea. Yule bwana alimwambia hajakosea kwenye maji hata kidogo. Vinachodai vitunguu hivyo ni baridi. Vilale gizani, vikavu, kwenye baridi ya miezi mitatu na zaidi, ndipo vitaamini kwamba majira yamepita na ni wakati wa kuamka. Kama mji hauna baridi, vipewe ya kuazima.

Basi vikaingia kwenye jokofu, kwenye mfuko wa karatasi uliofungwa uzi mwekundu. Mpambaji alionya kwamba matunda yaliyoiva yana pumzi inayoua ua tumboni, kwa hiyo matunda yote yakafukuzwa. Fundi, ambaye furaha yake ya jioni ilikuwa papai la baridi, alihamia papai la moto bila kulalamika sana. Lakini siku moja alishikwa na kisu mkononi, mfuko umefunguliwa, mayai yako kwenye meko.

"Hivyo ni sumu," Shangazi alimwambia kwa upole. "Ukila hivyo, daraja utakalojenga ni la kuvukia ahera."

Fundi alikula mayai bila kitunguu, na tangu siku hiyo kila akifungua jokofu aliinama kwanza kuuamkia mfuko.

Huku nyuma, kila asubuhi, bibi alinywesha udongo. Alipapasa ukingo, akamimina polepole, akasikiliza maji yakishuka. Kisha akauliza, "Bado?" Shangazi akajibu, "Bado, mama. Yanalala." Maji yakitokea chini, Shangazi alikausha kisahani kwa kitambaa. Mimi nilikuwa nikishona mapazia ya hoteli kwa hasira karibu na mlango, maana kuna siku alikuja jirani kumjulia hali, na bibi akamwambia, kwa sauti ya kuwafaidisha na wa jikoni, kwamba asingekuja yeye maua haya yangekufa kwa kiu. Mke wa mwanangu, akasema, ni mchapakazi, ila akili yake iko kwenye pasi. Niliweka mkasi chini. Shangazi, aliyekuwa amesimama na trei ya chai, alinitikisia kichwa kidogo sana. Nikauokota mkasi.

Muda wa jokofu ulipotimia alivipanda kwenye chungu kingine na kukificha bafuni, kwenye sakafu ya saruji chini ya dirisha, mahali pekee nyumbani penye ubaridi. Sasa ndiyo ilikuwa kazi. Kwenye joto lile chungu hukauka mchana mmoja, na siku ya mawingu hakikauki kabisa. Kuna siku alikipa maji asubuhi na jioni, ya kutoka kwenye jokofu, na kuna siku alipita nacho bila tone. Alikuwa anarudi kutoka hotelini na, kabla ya kuvua viatu, anapiga magoti bafuni na kubandika udongo shavuni. Ukitaka kuoga unangoja. Vichwa vya kijani vilitokeza, vikawa majani, na katikati ya majani pakatokea vishina vilivyobeba kitu kilichofungwa kwenye ngozi nyembamba. Tulikuwa hatujawahi kukiona kitu hicho tangu tuhamie mji ule.

Lakini bibi naye alikuwa anashuka. Alianza kulala mchana kutwa. Chakula alionja tu. Mkono wake haukuweza tena kubeba kikombe peke yake, na kwa kuwa sasa aliamka Shangazi akiwa ameshakwenda kazini, ilinibidi mimi kumshikia. Nilimshika kifundo cha mkono, mwepesi kama kijiti, tukamimina pamoja kwenye chungu kisicho na kitu, akauliza, "Bado?" na mimi, mwenye mdomo usio na breki, nikajibu, "Bado, bibi. Yanalala." Asubuhi ya kwanza nilijibu kwa sababu nilikuwa nimeagizwa. Baada ya hapo nilijibu kwa sababu nilikuwa nimemshika mkono.

Vichomozo vile vya maua vilikaa vimefungwa siku baada ya siku. Shangazi hakuwa akila vizuri. Alisimama mlangoni mwa chumba akisikiliza kama bibi anapumua, kisha akaenda bafuni kutazama, kisha akarudi mlangoni. Fundi alimwambia aache, alishafanya yote ambayo binadamu anaweza. Akasema ndiyo, na akaenda bafuni.

Asubuhi moja nilifungua mlango wa bafu harufu ikanipokea. Sikumwita mtu, nilisimama tu na taulo begani. Shangazi alikuja nyuma yangu, akakibeba chungu kwa mikono miwili, akaingia kwa bibi akinyata. Alikiondoa kile cha udongo na kukiweka hiki pale pale, ukingo ukielekea kitandani. Siku ile alichelewa kazini, na katika miaka yote niliyomjua sijamwona kuchelewa mara nyingine.

Bibi aliamka kwa pua. Macho bado yamefumba, akavuta pumzi, akavuta tena. Mkono wake ulitoka chini ya shuka, ukapata ukingo, ukapanda na shina mpaka juu, ukazunguka ile tarumbeta ndogo taratibu. Machozi yalimtoka yakaingia masikioni kwa vile alikuwa amelala chali. Fundi aligeukia ukuta.

"Mke wa mwanangu," bibi alisema, "si nilikwambia? Kikombe kila asubuhi."

Nilifungua mdomo. Mguu wa Shangazi ulikuja juu ya mguu wangu ukatulia hapo.

"Uliniambia, mama," alijibu.

Bibi akaomba kikombe. Tulimshikia, akamimina kwenye chungu chenyewe, na safari hii Shangazi hakukausha kitu wala hakukunja uso, maana ua lililofunguka linakunywa, kikombe hakilidhuru. Bibi akapapasa mpaka akaupata mkono wa Shangazi.

"Nikiondoka usije ukasahau, mwanangu."

Shangazi alisema hatasahau.

Bibi alifariki maua yakiwa bado yamesimama. Waliokuja kutupa pole waliyaona, wakataka habari zake, na jirani yule yule akawasimulia: mama wa watu, kipofu, ameotesha maua ya nchi ya baridi kwenye mji ambao hayajawahi kuota, kwa kikombe cha maji na mkono wake uliobarikiwa. Habari ilizunguka chumba na kurudi imenenepa. Mimi nilikuwa nachemka. Nilimtazama Shangazi, na yeye alikuwa akipita na chai, udongo shavuni, akisema kweli kabisa, mama alikuwa na mkono.

Mwaka uliofuata nilipata kazi mji mwingine, wa mvua, na Shangazi akanipa vitunguu vitatu. Nilimuuliza nivipe maji kiasi gani. Alikataa katakata kuniambia. Alisema nikifika kule niuulize udongo wa kule, shavu ninalo. Nimekiozesha kimoja, na viwili vimetoa maua, na mimi pia sasa wageni wananionyesha mahali pa kujifuta.

Nilirudi kumtembelea majuzi. Vitunguu vyake vilikuwa kwenye jokofu, kwenye mfuko wenye uzi mwekundu, na Fundi akila papai la moto. Asubuhi nilisikia nyayo kwenye chumba cha bibi, ambacho hakuna anayelala humo. Shangazi alikuwa amesimama dirishani na kikombe, amevaa tayari kwenda kazini. Alipapasa ukingo wa kile chungu cha zamani kwa kidole, kama alivyofanya bibi, akamimina polepole. Nilifurahi, nikadhani amepata vingine, nikamuuliza amepanda nini humo.

"Hamna kitu," alisema.

Nikamuuliza sasa ananywesha nini. Alichukua kitambaa akakausha kisahani, bila haraka, akakitundika kitambaa mahali pake.

"Nilimwambia sitasahau."

Akabeba mkoba wake akaenda kupiga pasi. Kesho yake niliamka kabla yake, nikajaza kikombe.